Upande wa Ndani wa Bomba

Karakana ninakofanya kazi iko Shauri Moyo, karibu na Gikomba. Tunatengeneza mageti, madirisha na vitanda vya chuma. Mwenyewe ni mzee aliyenichukua nilipomaliza darasa la nane. Kila mtu anamwita fundi, na mimi pia.

Fundi alinifundisha kwamba mshono wa kuchomelea ni kama aibu ya nyumbani, hauonyeshwi wageni. Ukishaunganisha vyuma viwili, unausaga mshono kwa grenda mpaka upotee, halafu unapaka rangi nyekundu ya kuzuia kutu. Mteja akiona nundu atasema umeharakisha kazi. Hivyo ndivyo kila karakana ya mtaa wetu inavyofanya.

Mwaka huu tulisikia kuna kampuni inayowajaribu mafundi kwa ajili ya bomba la kupitisha mafuta ghafi kutoka visima vya Turkana mpaka pwani. Sijawahi kutaka kazi kama nilivyoitaka hiyo. Nilikuwa nikichomelea geti huku nikiliona bomba likivuka jangwa, na kiungo kimoja, hata kama ni kimoja tu, ni changu.

"Nenda," fundi aliniambia. "Mimi nimezeeka, lakini huo mkono wako nimeutengeneza mimi."

Jaribio lilifanyika kwenye godauni, Eneo la Viwanda. Kila mmoja alipewa vipande viwili vya bomba aviunganishe. Wenzangu walipomaliza waliacha mishono yao ikiwa na mawimbi, wakakaa chini. Niliona ni wavivu. Grenda ya kusawazishia ncha za mabomba ilikuwa mezani, nikaichukua, nikalainisha mshono mpaka usingejua bomba liliwahi kuwa vipande viwili. Kisha nikatoa kichupa cha rangi nilichobeba kutoka kazini.

"Niaje, brathe," jamaa wa meza ya pili alisema. "Hiyo ni bomba ama geti ya landilodi?"

"Mwekee na maua," mwingine akadakia, wakacheka.

Ningeweza kuwauliza wanacheka nini. Sikuuliza. Nilifikiri ni wivu.

Mkaguzi alikuwa mama wa makamo aliyevaa ovaroli. Alizungusha bomba langu mara mbili.

"Mshono uko wapi, kijana?"

"Nimeulainisha, madam."

Hakucheka. Alilipeleka kwenye mashine, akalipasua kwa urefu, akaniita nitazame ndani. Pale vipande vilipokutana palikuwa na mwanya mwembamba. Nje nilikuwa nimefunga, ndani moto haukufika.

"Unajua hayo mafuta yakoje?" aliniuliza. Nikatikisa kichwa. "Yana nta. Yakitoka ardhini ni ya moto, yanatiririka. Yakipoa yanaganda kama mafuta ya mgando asubuhi ya baridi. Ndiyo maana bomba lake linavikwa kitu kinene cha kutunza joto, linafukiwa, na njiani kuna pampu za kuyasukuma na mahali pa kuyapasha moto tena. Yanasukumwa kwa nguvu usiku na mchana. Sasa fikiria mwanya huu uko chini ya mto mkavu, pale watu wanapochimba mchanga wapate maji ya kunywa na ya mbuzi wao. Nani atauona?"

Nilipitisha kidole juu ya ule mwanya.

"Ukipiga grenda unapunguza unene wa chuma, tena unaninyima kuona ulichofanya. Pole. Sitakuchukua."

Nilitaka kuuliza kama naweza kurudia, lakini alikuwa ameshamwita mwingine. Nilichukua nusu moja ya bomba langu, nikatembea mpaka Shauri Moyo.

Fundi alikuwa amesimama mlangoni.

"Wamekuchukua?"

"Hapana, fundi."

Nilimpa kile kipande. Alitazama nje tu. "Kazi safi kama hii! Wanataka nini hawa watu?"

Niligeuza bomba mkononi mwake, nikamwonyesha mwanya. Nikamweleza habari za mafuta yanayoganda, na za watu wanaochimba maji. Nadhani sijawahi kuongea naye kwa muda mrefu hivyo. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Na sisi," aliuliza polepole, "tumewahi kuangalia ndani?"

"Hatujawahi, fundi."

Pembeni palikuwa na kitanda alichokimaliza mwenyewe jana yake, rangi imekauka. Akaniambia nilete msumeno.

"Lakini mteja anakuja kukichukua kesho."

"Nimesema lete."

Nilishika fremu isitikisike, naye akakata pale mguu ulipoungana nayo. Alimulika kwa simu, akainama. Nami niliuona, mwanya kama wangu, hata mpana kidogo.

"Wakiita tena utaenda," alisema bila kunitazama. "Lakini usiende na mkono niliokupa."

Mteja alipokuja kuchukua kitanda, fundi alimwambia bado hakijaisha.