Zdravka Aliyekufa Kila Sinema

Zdravka Peneva alikuwa na uso wa kufa. Si masengenyo; waongozaji wa sinema kule Sofia ndio walioamua hivyo, tangu alipotoka chuo cha uigizaji, binti mwembamba mwenye macho ya huruma. Sinema ya kwanza alipigwa risasi na polisi wa mfalme. Ya pili, kifua kikuu. Kisha akazama mto Danubi, akaanguka toka juu ya mashine ya kupura ngano, akanywa sumu kwa ajili ya mwanamume ambaye hata sura hakuwa nayo. Mtaani watu walimwita, "Eh, dada, bado upo?" naye akacheka, maana kufa ndiko kulikomlisha.

Aliyeshindwa kucheka ni mama yake, Bi Ginka, mkulima wa pilipili hoho wa kijiji cha jirani na mji wa Tryavna. Ile sinema ya kwanza ilipoletwa kwenye ukumbi wa kijiji, risasi ilipolia tu, mama aliruka viti akaenda kulikumbatia pazia la sinema. Walimtoa nje hajitambui. Daktari akasema moyo huo usishtuliwe tena, utasimama. Tangu hapo hakukanyaga ukumbini, na kila Zdravka alipopata kazi alipiga simu posta ya kijijini: "Mwambieni mama nakufa tena, lakini mimi mzima."

Mwaka huu hakupiga. Wanashuti Tryavna kwenyewe, akaona ataenda nyumbani Jumapili amwambie kwa mdomo.

Sinema ilianza na mazishi, ya nani tena kama si yake. Spas, fundi wa vifaa, akachapa matangazo ya msiba yenye picha yake, akayabandika milangoni na kwenye miti, kama anavyobandikwa marehemu yeyote wa mji ule. Yakashutiwa juzi. Leo, siku ya soko, Zdravka amekaa kitini anapakwa unga wa maiti, ndipo likamjia wazo.

"Spas, yale matangazo uliyatoa?"

"Mimi?" Spas akaweka kahawa chini. "Dada Zdravka, umeona wapi mtu anabandua tangazo la maiti? Hayaguswi yale. Mvua itayatoa."

"Yana uso wangu!"

"Jina si lako. Tumeandika Elenka."

"Mama hajui kusoma, Spas! Anajua uso! Na leo analeta pilipili sokoni!"

Spas akatazama saa. "Basi la kwanza limeshaingia."

Zdravka akatoka mbio, na gauni lake la kuzikiwa, viatu mkononi. Mwuza jibini akajipiga ishara ya msalaba. Bibi mmoja akaangusha mayai. "Elenka kafufuka!" mlevi akapiga kelele. "Kumbe kule hakuna pombe ya rakia!"

Akafika stendi. Gunia la pilipili limelala chini limemwagika. Mbele ya mti, katikati ya wanawake watatu, mama yake amesimama, kiganja juu ya picha. Angalau angelia.

Zdravka akataka kumwita, akasita. Akimwita, mama atageuka aone nini? Maiti ya mwanawe imesimama na midomo ya bluu. Huo moyo utakwisha hapo hapo. Akajifuta kwa mkono wa gauni. Unga ukazidi kuenea. Akaona mama anaanza kuyumba.

Akasogea kwa nyuma, akamziba macho kwa viganja vyake viwili. Vinatoka jasho, vina moto kama mkate.

Bi Ginka akavipapasa, kidole kwa kidole. Akakuta kovu la mundu kwenye kidole gumba.

"Maiti haina mikono ya moto," akasema taratibu.

"Haina, mama. Usigeuke kwanza. Wamenipaka unga."

"Mshenzi wewe," mama akasema, wakakaa wote juu ya pilipili.

Alipopata pumzi aliinuka, akalichana lile tangazo mbele za watu. Wanawake wakashika vinywa. Akaenda la pili, la tatu, mlango kwa mlango, mkono mmoja unachana, mwingine umemshika Zdravka kifundo cha mkono. Hakumwachia hata walipofika penye kamera, ambako mwongozaji, jitu la tumbo kubwa, alikuwa anazunguka jeneza kwa hasira.

"Ndugu Ginka, mama yangu, kazi imesimama! Alale kidogo tu humu, kisha mchukue!"

Bi Ginka akalitazama jeneza, akampima mwongozaji toka juu hadi chini.

"Lala wewe, mwanangu. Ukikunja miguu unaenea."

Mazishi yale yakashutiwa mfuniko umepigiliwa, ndani hamna mtu. Na waombolezaji wakishutiwa kilio chao, Zdravka alikuwa kando anaoshwa uso na mama yake, kwa maji ya bomba na nguvu nyingi kupita ilivyohitajika.