Aliyefiwa Haoki

Gudveig alikuwa na mdomo, na mdomo huo ndio uliomponza. Lakini kule ghubani kwao mtu akimtaja, hataji mdomo wake kwanza. Hutaja biskuti zake za oti.

Kwao, mtu akishazikwa, watu wote huingia ukumbi wa kanisa kunywa kahawa, na kahawa ya mazishi hainywewi kavu. Kila mwanamke ana kitu chake cha kuleta, na haingilii cha mwenzake. Ragnfrid, mwenyekiti wa chama cha akina mama, hupiga simu nyumba kwa nyumba kugawa kazi. Nyumba isiyopigiwa ni ya wafiwa peke yao. Aliyefiwa haoki, yeye hukaa viti vya mbele na kuletewa kikombe mkononi. Hakuna aliyeiandika sheria hiyo popote, na sijasikia aliyeivunja.

Gudveig hakuolewa wala hakuzaa. Alikata samaki kiwandani mpaka mgongo ukagoma, na nguvu zilizobaki akazimalizia jikoni kwake. Oti alizikaanga kwanza kwenye siagi, moto mdogo, mpaka zibadilike rangi na nyumba nzima inukie. Halafu shira, unga kiasi, mdalasini, iliki aliyoitwanga mwenyewe, na karafuu kidogo sana. Karafuu ni mgeni mkorofi, alikuwa akisema, mpe kiti kimoja tu. Biskuti aliziweka kwa nafasi kwenye trei kwa sababu hutanuka. Zikitoka kwenye oveni huwa laini bado, na mwenye pupa akizibandua zinamvunjikia. Wasichana wengi walijaribu, zikawavunjikia, na Gudveig akawacheka bila huruma.

Mapishi hayo yalikuwa ya mama yao. Nasema yao kwa sababu alikuwa na mdogo wake, Solfrid. Mama alipozeeka na akili ikaanza kumtoka, Solfrid alimpeleka kwenye nyumba ya kulelea wazee mjini, na mama hakuumaliza msimu ule wa baridi. Siku ya mazishi, ndugu hao wawili wakiwa wamekaa viti vya mbele, Gudveig alisimama na kikombe chake, akamwambia Solfrid mbele ya ukumbi mzima kuwa yeye ndiye aliyemuua mama. Torunn, binti wa Solfrid, bado wa shule, alikuwa pale anasikia. Solfrid hakujibu neno. Hakujibu siku ile wala miaka yote iliyofuata, na dukani walipishana kama watu wasiojuana.

Kuomba radhi Gudveig alikusudia. Kila Krismasi alijaza mkebe wa biskuti, akaufunga utepe, na ikifika Februari akawa anazila mwenyewe. Alikuwa mkaidi, tusimpake mafuta.

Kisha Solfrid akafa kwa saratani, mwezi wa Novemba. Gudveig aliambiwa na muuza duka. Alirudi nyumbani akakaa jikoni na koti lake mwilini. Kifo kilimuuma, lakini kulikuwa na jambo jingine lililomsumbua: je, simu italia? Ikilia, basi Torunn amemhesabu jirani, mwokaji kama waokaji wengine. Isipolia, yeye ni mfiwa, dada wa marehemu.

Siku zikapita. Alijua Ragnfrid ameshaanza kupiga, maana aliwaona majirani wanapandisha mlima na mayai na unga. Simu yake ikabaki kimya. Jioni ya kuamkia mazishi ilikuwa kimya bado, na hapo ndipo Gudveig alipolia, kwikwi tupu. Alimlilia mdogo wake, na alilia kwa furaha pia, kwa kuwa ameruhusiwa kumlilia.

Akawasha oveni. Hizi si za mezani, alijiambia, ni za Torunn, za ndani ya familia. Trei moja tu. Oti zikashika chini ya sufuria, akazimwaga na kuanza upya. Zilipopoa alichagua zile nzuri akazifunga kwenye kitambaa cheupe.

Kanisani alikwenda moja kwa moja benchi la mbele, na watu wakageuka kumtazama. Torunn, sasa mtu mzima, alijisogeza kidogo. Gudveig akaona amepishwa, na nyimbo zote aliziimba kwa sauti.

Kule ukumbini, kabla hajaifikia meza ya wafiwa, Torunn alimshika kiwiko akamvuta pembeni, kwenye makoti yaliyotundikwa. Gudveig akamtolea kile kifurushi.

"Nimekuokea wewe, mwanangu. Si za mezani hizi. Aliyefiwa haoki, najua. Nashukuru hamkunipigia."

Torunn alikitazama kifurushi, hakukigusa. Zamani alimwita mama mkubwa.

"Bi Gudveig, hujaelewa," alisema polepole. "Mama ndiye aliyemwambia Ragnfrid asikupigie. Alitaka watu wanywe kahawa yake bila kitu chochote kilichotoka mkononi mwako."

"Lakini kanisani umenipisha."

"Ulitaka nikusukume mbele ya jeneza? Mimi siwezi kumwaibisha mtu mbele za watu. Hayo unayaweza wewe."

Gudveig, mwenye mdomo wake, akasema nisamehe, kwa sauti ambayo hata yeye aliisikia kwa shida. Torunn akamjibu kuwa neno hilo lilikuwa la kuambiwa mama yake, na mama yake ameshafukiwa. Akaenda kukaa na wafiwa wenzake.

Ragnfrid aliyaona yote akiwa na birika mkononi, akajifanya anatafuta sukari. Gudveig alichukua koti lake, akashika njia ya kwake. Biskuti alizila njiani moja baada ya nyingine, mvua ikimnyeshea, kwa kuwa kutupa chakula hakuwezi.

Kabla ya Krismasi akafa mzee mmoja wa ng'ambo ya ghuba. Simu ya Gudveig ikalia. Ragnfrid, kwa aibu, aliuliza kama ataweza trei mbili. Gudveig akasema ataleta tatu, na waliokula wanasema hajawahi kuoka nzuri kama zile. Tangu hapo ameoka kwa kila maziko, na ataoka kwa yote yajayo, maana hakuna tena mtu ambaye akifa, simu ya Gudveig itakaa kimya.