Kukhu Nabwire Hali kwa Mkwe

Mwaka wa tisini na nne Kukhu Nabwire, kukhu ndiyo bibi kwetu, aliletwa Bukura kukaa na bintiye Jescah, maana kule kwake hakubaki mtu wa kumwangalia. Alikuwa amesahau karibu dunia nzima. Jescah mwenyewe kwake alikuwa "yule dada wa dukani".

Lakini mikono yake, wacha tu! Ukimwekea ungo wa wimbi mapajani, vidole vinaanza safari vyenyewe. Jescah alilivumbua hilo kwa bahati, basi kila asubuhi akawa anamtafutia kitu: leo udongo mbichi wa kufinyanga, kesho katani ya kusokota, kesho kutwa majani ya mchaichai ayafikiche na kunusa. Kukhu hufumba macho, huvuma wimbo usio na maneno, nawe ukimtazama unahisi yuko njiani, anatembea mahali penye umande. Nyumba nzima hutulia.

Shida ilikuwa chakula. Siku tatu hakuonja kitu ila uji kidogo aliopewa uani. Majirani, ambao hawakosi la kusema, walisema karogwa. Jescah akapika mboga ya mrenda kwa munyu, ile chumvi ya majivu, harufu ikajaa sebule. Kukhu akameza mate, akamega ugali, akaufinya shimo kwa kidole gumba. Kisha akaiona kofia ya Nehemiah, mume wa Jescah, imetundikwa ukutani. Akaurudisha ugali, akajifunika uso kwa leso. Jescah aliona kabisa kwamba atamzika mama yake kwa njaa, na sahani iko mbele yake.

Nehemiah alikuwa mlangoni, naye aliona. Akamwambia mkewe kuwa wao ndio wajinga, pamoja na kusoma kote kule: ni wapi mama mkwe alikula ndani ya nyumba ya mkwewe? Kukhu kasahau mwaka, heshima hajasahau. Mchana huohuo akamwita jirani yake Joash, wakasimamisha kibanda cha jiko cha fito na majani nyuma ya migomba, na Nehemiah akaapa mguu wake hautakanyaga pale.

Jescah alikoka moto huku roho inamuuma, sitaficha. Mkwe anakumbukwa, na mtoto wa tumbo je?

Moshi ulipopanda, Kukhu alikuja mwenyewe. Akalipapasa jiwe la figa, akanyoosha miguu chini, akala. Akala mpaka sahani ikalia. Tonge la mwisho akamwekea Jescah kiganjani, kama anavyokaribishwa mgeni.

"Kula, mtoto wa watu," alisema. "Mama yako yuko wapi, akuache hivi umekonda?"

Jescah alilishika tonge lile, lingali moto.

"Yuko, Kukhu," alijibu. "Leo amekula."