Asubuhi Kumi za Kupanda Mlima

Niliporudi nyumbani katikati ya miaka ya tisini, nilirudi na diploma ya elimu maalumu, ya kwanza katika mlima wetu wote ule ulio juu ya Silibwet. Nalisema hili waziwazi kwa sababu hakuna aliyenishika mkono kuipata. Nilikulia katika majani chai, kikapu mgongoni kabla sijajua kusoma. Nikaenda Nairobi, nikafundisha mchana na kusoma jioni kwa miaka tisa, hadi macho yakataka miwani. Wenzangu waliobaki walidhani nimepotelea huko, kumbe nilikuwa najitengeneza.

Shule niliyopangiwa ilinipa chumba kilichokuwa stoo ya mahindi ya chakula cha mchana. Niliwafukuza panya na kupaka ukuta chokaa kwa mikono yangu mwenyewe. Kisha nikaanza kuzunguka nyumba hadi nyumba kila Jumamosi nikiuliza, “Kuna mtoto hapa ambaye hatoki?” Watu walijibu hapana, halafu nasikia kikohozi nyuma ya pazia. Katika muhula mmoja niliwatoa watoto sita. Mwalimu mwenye cheti cha kawaida asingewatoa wawili.

Wa sita alikuwa msichana wa miaka minane. Surua ilimpofusha akiwa mdogo, na mama yake alifariki muda mfupi baadaye, kwa hiyo alilelewa na nyanya yake, ambaye kama wote wa kwetu nilimwita Kogo. Siku ya kwanza nilimkuta mtoto amekaa kwenye kiti kidogo jikoni, Kogo akimlisha ugali kwa mkono, tonge baada ya tonge.

“Kogo,” nikamwambia, “huyu ana mikono miwili.”

“Na mimi nina miwili. Yake inapumzika.”

“Itapumzika mpaka lini?”

“Mwalimu, wewe umesoma, lakini hujazaa. Zaa kwanza, halafu uje uniulize.”

Sikukasirika. Niliosha mikono, nikaketi chini kando ya mtoto, nikamwonyesha sahani kwa vidole: ugali upande wa mlango, mboga upande wa moto. Alikula mwenyewe. Nusu ilianguka kwenye nguo, na Kogo akatoka nje asione.

Nyumbani tulipiga hatua haraka. Kwa wiki kadhaa alijifunza kufika chooni kwa kufuata ukuta wa zizi, kujifungia vifungo, na kusugua kibuyu cha mursik, maziwa yetu ya mgando, kwa ule ufagio mrefu wa mtende mpaka kikose harufu ndani. Kibuyu kilimletea Kogo maneno. Majirani walisema amemfanya kipofu mtumishi. Lakini siku moja mgeni alisifu maziwa, akauliza kibuyu kimeoshwa na nani, na Kogo akajibu kwa sauti ya kusikika barabarani.

Shida ikawa shule. Tulimpeleka mara ya kwanza mwezi wa Mei, na Kogo akaja naye, akaketi naye dawati moja. Mwalimu wa darasa la kwanza akimuuliza mtoto, Kogo anajibu. Alijibu vibaya, pia. Siku ya tatu mwalimu mkuu aliniita.

“Madam Diploma,” akasema, maana ndivyo alivyoniita, na mimi nilipenda, “uliniambia unaleta mwanafunzi mmoja. Wamekuja wawili, na mmoja ana miaka sabini.”

“Nitamwondoa Kogo.”

“Sitaki ahadi. Mtoto aje mwenyewe kutoka kwao hadi getini, asubuhi kumi mfululizo, bila mtu kumleta. Aende chooni mwenyewe, ale mwenyewe. Akifanya hivyo, namwandika kwa rejista. Akishindwa, aende shule ya bweni ya vipofu. Mimi sina walimu wa kubeba watoto.”

Nilijua maana yake. Shule ya bweni ilikuwa mbali sana, na Kogo alikuwa ameapa mbele ya wanawake wa kanisa kwamba mjukuu wake hatalala nyumba ya wageni. Asipoingia shule yetu, atarudi kwenye kile kiti cha jikoni, akae hapo mpaka Kogo afe, na baada ya hapo hakuna aliyejua.

Nilimwomba Kogo amruhusu kutembea na fimbo. Alikataa kabisa. “Kipofu na fimbo ni mtu wa kuombaomba sokoni,” akasema. “Wa nyumba yangu hataishika.”

Basi nikabuni njia yangu, na mpaka leo najivunia ubunifu ule. Kutoka mlangoni kwao hadi barabara ya murram, njia ilipanda kando ya shamba la Kogo la majani chai. Majani yaliyochumwa vizuri hulingana juu kama meza, na meza ile ilimfikia mtoto kiunoni. Nilimfundisha kupitisha mgongo wa mkono juu yake akitembea. Mkono ukikosa majani, amefika kwenye pengo la wachumaji. Mapengo saba, halafu harufu ya mkaratusi, halafu kokoto za murram chini ya viatu, kisha sauti za watoto getini. Juni na Julai tulipanda na kushuka kila jioni, mimi nikiwa nyuma hatua tano, halafu ishirini, halafu nikiwa nimesimama juu kabisa. Alifika bila kosa mara nyingi hadi nikaacha kuhesabu. Nikamwambia mwalimu mkuu tutaanza siku ya kufungua muhula wa tatu. Kogo nilimwapisha asitoke mlangoni asubuhi hizo kumi, na mtoto asipande mlima mpaka nirudi. Nikaenda zangu Nairobi likizo, kuwasimulia wale niliosoma nao.

Nilirudi Jumapili jioni, giza limeshaingia. Jumatatu asubuhi nilisimama getini na mwalimu mkuu, nimevaa suti yangu ya kijivu. Kengele ikalia, watoto wakapanga mstari, bendera ikapanda, na mtoto hajafika. Ndipo nikatazama chini mlimani kwa mara ya kwanza tangu nirudi.

Shamba lote la Kogo lilikuwa la kahawia. Lilikuwa limekatwa.

Mtu wa kwetu hahitaji kuelezwa. Kila baada ya miaka michache majani chai hukatwa mpaka chini ya goti, ili mti usimzidi mchumaji kimo na uchipue upya, na kazi hiyo hufanywa wakati wa baridi, kwenye likizo ya Agosti. Matawi huachwa palepale yalale yarutubishe udongo. Nimeyakata mimi mwenyewe nikiwa msichana. Na kwa miezi miwili nilimfundisha mtoto kushika meza ile bila kumuuliza mwenye shamba ni mwaka gani wa kuikata. Diploma yangu haikuwa na somo la majani chai, lakini mimi nilikuwa nalo tangu utotoni, na halikunijia kichwani.

Nilishuka mbio. Nilimkuta kati ya pengo la pili na la tatu, ingawa mapengo hayakuwepo tena, yote yalikuwa wazi. Matawi yaliyokatwa yalikuwa yamemchana miguu. Mkono wake wa kulia ulikuwa bado umenyooshwa kiunoni, ukipapasa hewa. Chini kabisa, Kogo alikuwa ameshika mwimo wa mlango kwa mikono miwili kama mtu anayezuia nyumba isianguke.

“Usiniguse,” mtoto akasema aliponisikia. “Majani yameenda wapi?”

“Yamekatwa.”

“Yote?”

“Mpaka juu.”

“Kwa nini hukusema?”

Kogo ndiye aliyejibu, akipaza sauti kutoka mlangoni. “Nilidhani mwalimu anajua! Si yeye ndiye mwenye diploma?” Halafu, kwa sauti nyingine, “Mwalimu, naweza kutoka hapa mlangoni?”

“Mpaka mti wa kwanza tu.”

Aliingia ndani, akatoka na ile fito ndefu nyembamba ambayo mchumaji huilaza juu ya majani ili ajue chipukizi zipi zimevuka kimo. Shamba likishakatwa, fito hiyo haina kazi mpaka majani yapande tena. Alikuja mpaka mti wa kwanza, akasimama kama tulivyokubaliana, akainyoosha. Nilishuka nikaipokea, nikampa mtoto.

“Hiyo siyo ya kuombea,” Kogo akamwambia. “Hiyo ni ya kazi. Nimechumia nayo tangu kabla mama yako hajazaliwa. Ukiivunja utanitambua.”

Mtoto aliishusha chini. Iligonga kisiki, ikatoa mlio mkavu. Akaigonga mbele, kisiki kingine. Akaipeleka kushoto, ikazama kwenye matawi laini bila mlio. Alirudia mara tatu au nne, akifikiri, mpaka mlio wa visiki ukawa mstari wa kufuata, na mimi nikazuia mikono yangu nyuma ya mgongo. Kisha akasema, “Mwalimu, pita njia nyingine. Mwalimu mkuu atasema umenileta.”

Nilizunguka kwa njia ya ng’ombe, viatu vya mjini vikijaa samadi, nikafika juu nikihema.

“Nimekuona chini,” mwalimu mkuu akasema.

“Umeona nimemshika?”

“Hapana.”

Tulisimama. Darasa la kwanza walikuwa wameshaanza kuimba herufi. Kisha tukasikia fito kwenye kokoto, na mtoto akatokea chini ya mkaratusi, damu imekauka kwenye muundi, kola imenyooka.

“Amechelewa,” mwalimu mkuu akasema.

“Kuchelewa si kuletwa.”

Alitoa kalamu mfukoni, akaandika moja kwenye kiganja chake.

Asubuhi ya nne ilinyesha mvua ya mawe, akafika matope mpaka magotini. Ya saba alifika kabla ya mimi. Katikati ya hizo alijifunza kupata choo kwa harufu na chakula kwenye sahani kwa mfano wa uso wa saa niliomchorea mezani kwa kidole, ugali saa sita, mboga saa tatu, na usiku nilichoma nukta za breli kwenye karatasi mpaka dole gumba likaota sugu. Walimu wengine walikuja stoo kuangalia. Niliwaruhusu waangalie.

Siku ya kumi mwalimu mkuu alimwita ofisini. Niliingia naye, nikavuta kiti, nikaanza kueleza mbinu niliyotumia. Alinisikiliza kidogo, akafungua rejista.

“Jina?” akauliza.

Nilifungua mdomo. Mtoto akawahi, akalitaja lake, la baba yake na la Kogo, taratibu, kama mtu anayemsubiri mwandishi amalize kila herufi.

“Nani anakuleta shule?”

“Hakuna.”

Aliandika. Kisha mtoto akageuka upande wangu, fito ikiwa imesimama wima mbele yake, akaniambia kwa adabu nzuri sana niliyomfundisha mimi mwenyewe, “Mwalimu, watoto wako wanakungoja kwa stoo. Darasa la kwanza najua mahali liko.”

Nikatoka.