Mgeni Aagwe Mlangoni

Kazi ya kuandika juu ya adabu sikuiomba. Nilikuwa mwandishi wa barabara mbovu na umeme unaokatika, kazi tulivu kabisa, maana hapa Bukavu barabara mbovu haina mwenyewe wa kukasirika. Siku moja mkuu wetu wa gazeti akaniona nikila samaki mbele ya wageni wake bila kuchafua kidole, akaamua kwamba nina malezi mema. Ukweli ni kwamba sikuwa na njaa. Tangu hapo nina ukurasa wangu wa adabu za siku hizi, na Jumamosi asubuhi nausoma redioni kwa sauti ya mtawa.

Niliandika juu ya wanaopokea simu katikati ya misa ili kunong'ona kwamba wako kwenye misa. Niliandika juu ya akina mama wanaokuja arusini na mikoba mikubwa, nayo mikoba inarudi nyumbani ikinukia kuku. Watu walicheka, wakaninunia kidogo, wakaendelea kupokea simu. Pale sokoni Nyawera sipiti tena kwa amani. Mama anayeniuzia sambaza, wale dagaa wa ziwani, akiniona tu, hujifuta mikono taratibu kwenye kitenge na kuniinamia kama mimi ni askofu.

"Madame Adabu, leo nikupimie na mukono ao na fourchette?" Yaani uma.

Makala iliyoniletea taabu ilihusu kusindikiza. Nyumba yangu iko juu kabisa ya mteremko, na ngazi za udongo zinashuka kwa kona kona mpaka barabarani. Kwetu mgeni haagwi mara moja. Unamuaga sebuleni, unamuaga mlangoni, unashuka naye mpaka chini, na hapo yeye naye anaona vibaya urudi peke yako, basi anapanda nawe nusu ya njia. Jumapili moja wageni walikuwa wengi, na jioni yake ni magoti yangu yaliyoandika, si mimi: mjini, mgeni aagwe mlangoni, inatosha. Vijana walinipongeza sana. Lakini aliyeipenda kuliko wote ni Papa, baba yangu.

Papa ni mwalimu mstaafu na mjane. Husali na shirika, kile kikundi cha sala cha mtaa wao, na Jumamosi hufungua redio kwa sauti ya kutosha majirani wote, wapende wasipende. Ninachosema redioni anakishika kama amri. Binti aliyeshindwa kumfundisha kufunga mlango akitoka sasa ana baba mtiifu kuliko wasikilizaji wote.

Basi akaanza kunitembelea siku za kazi, shati limepigwa pasi, viatu vinang'aa. Alikuwa na neno. Nililiona tangu alipoingia. Alikaa kwenye kiti kinachotazamana na picha ya mama, ile niliyoitundika alipofariki, na ambayo yeye anayo ileile sebuleni kwake. Alisifu chai, akauliza habari za paa, akafungua mdomo, akaufunga. Aliyelelewa hapa anajua kwamba neno zito halisemewi kwenye kiti. Linasemwa njiani, mgeni akisindikizwa, watu wawili wanatembea na kila mmoja anatazama mbele yake. Kwa hiyo aliposimama kuaga, nami nilisimama. Akanizuia kwa mkono.

"Bakia, mutoto yangu. Uliandika mwenyewe."

"Papa, ile iko ya wageni. Weye hauko mugeni."

"Majirani wanaangalia. Watasema nini, mwenye sheria akivunja sheria?"

Akashuka peke yake na neno lake, akishikilia ua wa miti pembeni. Akaja tena, ikawa vilevile. Niliogopa. Umri wa Papa umekwenda, na mimi nilifikiri ni ugonjwa, tena ule ambao watu hawautaji jina. Siku moja nikamuuliza palepale sebuleni anaumwa wapi. Aliinua macho kwenye picha, akayashusha, akasema chai haina sukari.

Safari iliyofuata, aliposhika kofia yake nami nilishika kikapu changu.

"Sikusindikizi, Papa. Naenda Nyawera kununua sambaza. Njia iko moja tu."

Aliitafakari kauli hiyo kwa muda mrefu, kama anayesahihisha kazi ya mwanafunzi anayemshuku. Hakupata kosa.

"Kama unaenda kununua, basi."

Tulishuka. Kona ya kwanza tulizungumza habari za sambaza, kwamba siku hizi ni wadogo. Kona ya pili, ambapo nyumba yangu haionekani tena, alisimama akatazama pikipiki zinazopita chini.

"Mule ndani sikuweza kusema. Mama yako anaangaliaka sana." Akavua kofia, akaivaa tena. "Iko mama moja wa shirika yetu, naye mujane. Nataka kumuoa. Ukikatala, naacha."

Nilifurahi kwamba haumwi, na kabla furaha haijakaa nikakasirika kwamba ana afya ya kutosha kuoa. Iliniuma, sitasema uongo. Niliona kiti cha mama na mtu mwingine amekikalia. Papa hakugeuza shingo. Aliendelea kuzihesabu zile pikipiki, akaniacha nilie kidogo bila kutazamwa. Mtu ambaye angeniambia hayo sebuleni, macho kwa macho, pengine ningemjibu vibaya.

"Umulete tumuone," nilisema.

"Sambaza ununue za kutosha," akasema Papa, na kuanzia hapo alishuka haraka kuliko mimi.

Walikuja Jumapili baada ya misa. Mama huyo ni mfupi, mwenye sauti ya chini. Alipoingia hakuikwepa picha. Aliitazama vizuri, kisha akakaa. Walipoaga, Papa alikwisha kuinua mkono wake wa kunizuia. Nilipita chini yake. Nikawashusha mpaka barabarani, majirani wakatazama mpaka waliporidhika. Papa akabaki pale kutafuta pikipiki, na yule mama, badala ya kungoja, akanishika mkono akapanda nami kunirudisha.

Tulipanda mpaka kona ya pili.

"Ile picha ya mama yako, ile iko kwa salon ya papa, kule kwake nyumbani," alisema, macho kwenye ngazi. "Sitaitosha kwa ukuta. Nitakuwa naipangusa, isikamate vumbi."

Tulikwenda hivyo, ameshika mkono wangu, mpaka mlangoni, akaniaga. Nikamwambia hapana, nikageuka, nikaanza kushuka naye tena.