Masufuria ya Harusi ya Uongo

Siku ile naikumbuka mpaka kelele zake, mwanangu. Nilikuwa kijana, nimeacha shule mapema, najifunza useremala hapa Mji Mkongwe. Ikaja kampuni kutoka Bara kupiga filamu ya harusi ya zamani. Walitaka mtu wa kuandaa mandhari, yaani kuipanga nyumba, vitanda, vyombo, kila kitu kinachoonekana nyuma ya mwigizaji. Nikawaambia, "Mtu huyo mimi." Kazi sikuijua. Nilijijua mimi, basi.

Bi Zuhura, mpishi mkuu wa harusi za mtaani kwetu, alitupatia ukumbi wake wa chini, akanizungusha mlango kwa mlango kuazima masufuria makubwa. Ukumbi ukajaa! Ungeapa bwana harusi yuko njiani.

Sasa, wanawake wetu wakiazimana vyombo vya shughuli hutia alama ya rangi ya kucha ubavuni, kila mtu na yake, ili chombo kirudi kwa mwenyewe. Muongozaji wa filamu, mama mmoja mkali, akazitazama alama zile ndani ya kamera.

"Enzi zile masufuria yalipakwa rangi ya kucha? Niondolee!"

Nikazisugua zote, kwa majivu na mchanga, mpaka masufuria yakang'aa. Akanipiga bega, "Kijana, wewe fundi." Nikavimba kichwa.

Jioni wenye vyombo wakaja.

"Langu lipi?" akauliza Bi Kidawa, jirani yetu.

"Chukua lolote, bibi, yote safi."

Lo! Heri ningenyamaza.

"Nichukue lolote? Kwani nimekuja dukani?" Huku keshalikamata lile zito kuliko yote. Bi Salama wa nyumba ya pili akalivuta sikio la upande wa pili.

"Weka, Kidawa! Langu hilo!"

"Lako lile linalovuja, mtaa mzima twalijua!"

Ukumbi ukalipuka. Huyu anavuta, yule anaapa. Bi Zuhura akatoka jikoni, na mikono yote ikaachia masufuria.

"Wee Mussa! Ulipokuwa ukiazima, ulijua lipi la nani?"

"Nilijua, bi."

"Na sasa?"

Nikayatazama masufuria, yote yanang'aa sawasawa.

"Sasa hujui wewe, hawajui wao. Watu wamekuamini kwa uso wangu mimi, nawe umewafuta ili picha yako ipendeze. Naufunga mlango huu. Kesho hapigi mtu picha humu mpaka kila sufuria lilale kwao."

Na kesho ndiyo siku ya kupiga picha ya mwisho, ya kumtoa bi harusi! Bila ukumbi ule filamu haina mwisho, nami sina kazi.

Lakini mimi seremala, mwanangu. Seremala anajua mlango hauingii fremu isiyo yake. Ghafla nikakumbuka: tuliazima masufuria bila mifuniko, kwa kuwa kamera ilitaka kuona wali ndani.

"Mifuniko!" nikapiga ukelele. "Mifuniko imebaki majumbani! Kaileteni!"

Ungewaona! Wametimua mbio vichochoroni, buibui zinapepea, wanarudi na mifuniko inalia kama ngoma. Huu unacheza, ule hauingii, mwingine unakaa, kabwa! Vigelegele juu! Muongozaji akachachawa, "Kamera! Leteni kamera!"

"Zima hiyo," akasema Bi Zuhura. "Watu wanatafuta mali zao, hawachezi."

Ikazimwa. Picha nzuri kuliko zote nilizopata kuziona haimo katika filamu yoyote.

Mfuniko mmoja ulikubali masufuria mawili, nisikudanganye. Miaka yote Bi Kidawa akinipita hunambia, "Salama bado anapikia langu."

Asubuhi mlango ulifunguliwa. Masufuria yakarudi ukumbini, yamepakwa alama kubwa kuliko za jana, makusudi! Nikayapanga. Muongozaji akachungulia kwenye kamera, akachungulia tena.

"Leo umezifuta na nini?"

"Sikuzifuta. Nimezigeuza zitazame ukuta."

Akacheka, tukapiga picha. Tangu hapo nimeandaa mandhari kutoka Uroa mpaka Mangapwani, na leo ni mtayarishaji: mimi ndiye natafuta fedha, mimi ndiye naajiri waliosoma. Na hakuna nyumba niliyopigia picha ambayo siwezi kurudi nikabisha hodi. Hilo ndilo linalonipa kiburi, cheti sina.

Basi nakwambia wewe unayeianza kazi hii na simu inayoshinda kamera zetu zile: kila unachoazima kina mwenyewe. Kikikuharibia picha, kigeuze, isogeze kamera, punguza taa, tumia akili. Usimfute mwenyewe. Na usitume mtu kurudisha. Rudisha kwa mkono wako, kimeoshwa, na ukikaribishwa chai, kaa unywe.

Haya, nenda kafanye kazi. Mungu akupe jicho la kuona na mkono wa kurudisha, na kila mlango utakaokufungukia leo ukufungukie tena siku utakayorudi. Amin.