Chokaa ya Clothilda

Hollis Lezama hakuwahi kumwuliza mtu njia tangu azaliwe, na kiburi alichokuwa nacho kwa ajili hiyo kingetosha kugawiwa Port of Spain nzima na kikabaki. Kazi yake ilikuwa kuwatembeza wageni. Kila Jumamosi, kofia ya ukindu kichwani na fimbo mkononi, aliwaanzia St. James mbele ya msikiti, akawapitisha kwa Mchina muuza vyakula, kwa Wasiria wauza vitambaa, kwenye baa ya Mreno ambayo siku hizi ni ya Mhindi, halafu akawaingiza makaburini Lapeyrouse. Huko babu za watu wale wale wamelala wakiwa majirani wale wale, na kwa ninavyowajua, bado wanagombana ukuta wa nani umeingia kwa nani.

Makaburini ndiko alikokuwa mfalme. Majina yaliyoandikwa kwenye mawe hakuyasoma kamwe, alisema majina ni ya watu wasiojua kutazama. "Shikeni kulia penye kuvu la kijani," angeagiza, "lipiteni lile la rangi ya waridi, halafu kushoto penye mche wa mpapai uliochomoza ufani." Kila aliyelala pale alikuwa na kisa chake, na asiyekuwa nacho Hollis alimpa. Bwana Assing, tajiri wa Kichina, Hollis alimuua kwa mwiba wa samaki katika masimulizi yake, ingawa ukoo wake wote unajua kwamba mzee alifia usingizini.

Kaburi moja tu hakulipitia, nalo ni la mkewe Clothilda. Lilikuwa upande wa ukuta wa kusini, ukingo wa saruji tu, halina jina. Siku ya mazishi Hollis alisimama mbele ya watu akaahidi jiwe la marumaru. Mwaka wa kwanza marumaru ilikuwa ghali. Mwaka wa pili alikuwa na mafua. Baada ya hapo aibu yenyewe ikawa ndiyo sababu, akaanza kuzungukia njia nyingine. Tusimwonee, mkewe alimpenda. Ila mtu anaweza kuchelewa mpaka akaona afadhali asifike kabisa.

Sasa mtu huyo, katika umri wa kutafuta miwani iliyo usoni, akapenda tena. Aliyempenda ni Sumintra Ragoonanan, mjane aliyekuwa akiuza dabozi kwenye lango la makaburi: mikate miwili laini ya kukaanga, katikati dengu na pilipili. Miaka yote Hollis alikuwa mtu wa kuagiza "pilipili kidogo". Alipoanza kuagiza nyingi, na machozi yanamtoka, na bado anasema ni tamu, wauzaji wenzake Sumintra wakajua mzee ameingia mtegoni. Asubuhi moja akavua kofia, akaomba waoane.

Sumintra akafuta mikono kwenye aproni, taratibu.

"Clothilda anajua?"

"Sumintra, Clothilda amekufa."

"Sikuuliza kama yu hai. Nimeuliza kama anajua."

Hollis akaivaa kofia, akaivua tena, jambo lililosimuliwa pale langoni wiki nzima.

"Mimi siingii nyumba ya mwanamke mwenzangu bila kupiga hodi," Sumintra akasema. "Nipeleke kwake. Mwambie mbele yangu, kwa mdomo wako huohuo unaowalisha wageni uongo. Kisha nitakujibu."

Ilikuwa wiki ya mwisho ya Oktoba, nayo ndiyo wiki mbaya kuliko zote kwa mtu mwenye siri kama yake. Sikukuu ya Watakatifu Wote inapokaribia, mji mzima huenda kwa wafu wake na ufagio, brashi na ndoo ya chokaa. Makaburi hung'olewa magugu, husuguliwa, hupakwa upya, ili usiku wa mishumaa marehemu aonekane ana watu. Kila mwaka wiki hiyo Hollis aliumwa mgongo. Alirudi kazini mvua za Novemba zikishayarudishia makaburi madoa yake, na hakuna aliyemwuliza la kwake amelipaka rangi gani.

Mwaka huu mgongo haukuwa na ruhusa ya kuuma. Akapanga ampeleke Sumintra Jumamosi, pamoja na wageni. Usimdhanie ujeuri. Mbele ya watu mdomo wake haukuwahi kumwangusha, ila peke yake mbele ya Clothilda alijua atalia, na hakutaka mchumba amwone akilia kabla ya kukubaliwa.

Jumamosi wageni walikuwa wachache: mume na mke wa Kiholanzi, warefu, wenye adabu ya kutoelewa kila kitu, na Bi Gittens, mwalimu mstaafu kutoka Barbados, aliyekuja na mwavuli na macho ya kusahihisha madaftari. Sumintra aliwasubiri langoni, amevaa gauni la buluu na viatu vya kuendea harusi za watu. Boysie, kijana mmoja anayepaka makaburi kwa kibarua, akampungia mkono.

"Mama, ndoo yako nimekuachia kulekule ukutani."

Sumintra akamkata jicho. Hollis hakusikia, alikuwa anasafisha koo.

"Mabibi na mabwana," akaanza, "nifuateni, tunashika kulia penye kuvu la..."

Akasimama. Hapakuwa na kuvu. Hapakuwa na la waridi, wala madoa, wala mpapai ufani. Makaburi yote, ya Wafaransa, ya Wareno, ya Wachina, ya watu wa kawaida, yalikuwa meupe pee, jua linayapiga mpaka macho yanauma. Moyo wa Hollis ukamshuka hadi kwenye soksi. Lakini kiburi hakishuki upesi hivyo, kwa hiyo akainua fimbo akaenda.

Njia ya mwongo ni fupi, wahenga walisema. Ya Hollis siku ile ilizunguka. Waliteremka, wakakata kona, wakatokea kwa Bwana Assing, na wageni wakapewa kisa cha mwiba wa samaki. Wakapanda, wakakata kona nyingine, wakatokea tena kwa Bwana Assing, ambaye safari hii alianguka kutoka juu ya farasi. Walipomfikia mara ya tatu, Hollis akaanza kusimulia habari za sumu, na Bi Gittens akanyoosha mwavuli.

"Bwana Lezama, huyu si yule wa samaki?"

"Hapana, mama. Huyo ni ndugu yake."

"Jina ni lilelile."

"Ndugu wa Kichina hupenda kufanana."

"Na mwaka wa kufa ni uleule."

"Walipendana sana," Hollis akasema, akitokwa na jasho.

Sumintra alikuwa nyuma yao, mkoba kwapani, hasemi neno. Hilo ndilo lililomtisha. Angemtukana angalau angejua yuko wapi.

Ndipo akili ikamjia, na ilikuja na mwiba wake. Haya yote yamepakwa kwa sababu yana watu. Clothilda nani angempaka? Mtu wake mmoja ndiye huyu hapa mwenye fimbo. Basi kaburi la kutafuta ni lile chafu. Akaufuata ukuta wa kusini huku akitazama huku na huku, na kweli, katikati ya ule weupe wote, akaliona moja jeusi kwa kuvu, ukingo wa saruji uliopasuka, magugu hadi magotini, halina jina. Alifurahi kwa muda wa kuvuta pumzi moja. Halafu akaona haya kama hajawahi kuona maishani.

"Tumefika," akasema kwa sauti ndogo, akavua kofia. Wageni nao wakasogea karibu, maana hii haikuwa sauti ya matembezi.

"Clothilda, ni mimi, Hollis. Nimechelewa. Lile jiwe sijaleta, na nisikudanganye, hata leo silo lililonileta. Nimekupita kila Jumamosi nikienda kuchekesha watu kwenye makaburi ya wenyewe. Kwako sikuja kwa sababu kwako sina la kuchekesha. Nyumba imekuwa kimya. Redio yako ipo palepale, stesheni sijabadili, na wewe unajua ninavyoichukia stesheni ile." Akamwonyesha Sumintra kwa fimbo. "Sasa kuna huyu mama, anauza dabozi langoni. Mkali wa ukweli kama wewe, sijui nina bahati gani mimi. Nataka aje nyumbani. Haji kukufuta. Kama una neno, sema."

Mjusi akatoka ufani, akatikisa kichwa, akarudi ndani. Mholanzi akavua miwani akaifuta. Bi Gittens, ambaye kwa ninavyoamini hakuwahi kumlilia hata mwanafunzi aliyefaulu, alikuwa anatafuta leso.

"Umemaliza?" Sumintra akauliza.

"Nimemaliza."

"Umesema vizuri sana. Sasa njoo umwambie na Clothilda."

Akapita mbele yake, akaenda makaburi machache kando, akasimama penye ukingo mmoja mweupe kuliko majirani zake. Ufa ulikuwa umezibwa. Chupa ya jamu ilikuwa imejazwa maua ya manjano, yale ambayo Wahindi huwapelekea miungu yao. Ukutani palikuwa na ndoo, na brashi ndani yake.

Hollis aliangalia kaburi, akaangalia ndoo, akamwangalia Sumintra.

"Umejuaje ni hili?"

"Siku mlipomzika niliingia nyuma ya jeneza na sufuria ya dengu, maana ndugu zako walikuwa na njaa. Na mimi nakaa langoni, Hollis. Langoni huoni wanaoingia tu, unaona na wanaokwepa."

"Wewe ni Mhindu."

"Chokaa haina dini." Akainama, akaondoa jani moja juu ya saruji. "Kwetu tunachoma. Majivu ya mume wangu yalikwenda na mto Caroni, mimi sina pa kupaka. Kila mwaka wiki hii naona watu wote wana ndoo, mimi nina dengu. Mwaka huu nikaazima marehemu wa kwako. Nikapiga hodi yangu mwenyewe, tukaongea."

"Amesema nini?"

"Amesema hutampata."

Hollis akafungua mdomo, ule mdomo ambao haujawahi kumwangusha, na maneno hayakuwepo, yote alikuwa ameyamaliza kwa mtu asiyemjua. Akapiga goti. "Clothilda," akasema, akielekeza fimbo kule kwenye magugu, "yote niliyosema pale, ni ya kwako." Kisha akalia, mbele ya mchumba, mbele ya Barbados na Uholanzi, na hakuna aliyemcheka.

Alipojifuta, akauliza, kwa sababu mwanamume ni mwanamume hata akiwa na matope magotini: "Na jibu langu?"

Sumintra akamkabidhi ndoo.

"Imebaki kidogo. Yule uliyempa siri zako zote hana mtu. Nenda kampake."

"Na jibu?"

"Chokaa ikikauka."

Hollis akatazama juu. Mawingu yalikuwa yanashuka kutoka milimani, meusi, hayana haraka. Akang'oa magugu, akasugua kuvu kwa kofia yake ya ukindu, akaanza kupaka. Hajafika nusu ya ukingo, tone la kwanza likaangukia kisigino chake. Bi Gittens akafungua mwavuli, akausimamisha juu ya kaburi la mtu asiyejulikana, uso umekaza kana kwamba anasimamia mtihani. Mholanzi na mkewe wakavua makoti yao wakayatandaza juu ya mikono, upande wa pili. Wote wakaanza kulowa, ila chokaa haikulowa.

Mvua ikazidi. Mwavuli ukaanza kuyumba, maana mwalimu alikuwa mtu mzima. Sumintra akawatazama wale watu kwa kitambo, na yule mzee chini yao akipaka bila kuinua kichwa. Akavua viatu vyake vya harusini, akavificha mkobani, akaingia matopeni, akamnyang'anya Bi Gittens mwavuli, akaushika mwenyewe.